Mwigizaji kiziwi wa Paris na fundi cherehani wa Tabora

Wadau mambo vipi. Leo siandiki bei za flashi wala muvi mpya zilizoingia, leo ni habari ya dada mmoja wa Ufaransa anaitwa Emmanuelle Laborit, mwigizaji, kiziwi toka kuzaliwa. Nimemsimulia sana hapa kibandani mpaka shemeji yangu akaniambia andika basi tupumzishe masikio, ndo naandika.

Kwa wasionijua, nina kibanda cha kuingizia muvi kwenye flashi na simu, jirani na stesheni ya Tabora. Wateja wangu wengi ni watu wa treni, huyu anakwenda Kigoma, yule Mpanda, mwingine anasubiri ya Mwanza, wanajaza flashi zao wanaondoka, waliobaki ni watu wa mtaani. Karibu wote wanataka zilizotafsiriwa, yaani muvi ya Kikorea au ya Kihindi ambayo dijei ameweka sauti yake juu anasimulia kwa Kiswahili na matani yake kibao. Hizo ndo zinalisha watoto wangu, sizisemi vibaya. Ila katika hao wa mtaani yupo dada mmoja fundi cherehani, kiziwi, kasoma shule ya viziwi ya hapahapa Tabora, na yeye zilizotafsiriwa hazimsaidii kitu, sauti ya dijei haisikii, na yale maandishi ya chini mara nyingi yameshafunikwa na tangazo la dijei na namba yake ya simu. Zile ambazo maandishi yamebaki, yamebaki ya Kiingereza.

Kwaiyo yeye anachagua muvi kwa macho. Anasimama mbele ya skrini na mfuko wake wa matobolwa, anatafuna, ananionesha kwa kidole peleka mbele, peleka tena, anatazama kidogo hapa kidogo pale, basi keshajua. Muvi ambayo watu wamekaa mezani wanaongea dakika tano nzima anapunga mkono, toa. Wanaocheza na uso na mwili anachukua. Za Chaplin, yule mchekeshaji wa muvi zisizo na sauti, amemaliza zote nilizonazo, na kuna nyingine karudia akanidai punguzo.

Na hapo kwa Chaplin ngoja nichomekee kitu. Kabla sinema haijaanza kuongea, yaani kurudi nyuma ya 1927 hivi, kiziwi na anayesikia walikuwa wanakaa benchi moja wanapata kitu kilekile, picha, alafu kibao cha maandishi kinapita, alafu picha. Chaplin mwenyewe alikuwa na rafiki yake mchoraji kiziwi, Granville Redmond, alimpa chumba cha kuchorea ndani ya studio yake na akamuigizisha kwenye muvi zake kadhaa. Sauti ilivoingia dunia nzima ikashangilia, na wakati watu wanashangilia kuna wenzao walikuwa wanatolewa ukumbini taratibu.

Sasa huyu dada fundi siku moja akaniandikia kwenye simu yake, maana alama za mikono ninazozijua mimi ni za salamu na bei tu: "Kaka huna muvi yenye mtu kama mimi? Asiwe wa kulia." Hilo la kulia nilielewa palepale. Muvi zetu za hapa nyumbani akiwekwa kiziwi ni lazima awe mdogo wake nani sijui anayeteswa na mama wa kambo, anatoa sauti za ajabu ajabu, watu wanamuonea huruma, mwishoni anaponywa na mchungaji au anakufa. Na anayeigiza anasikia vizuri tu, ukikutana naye kwenye intavyuu anaongea kuliko mtangazaji. Ndo nikaanza kutafuta, bando langu likaisha huko, na jina lililokuwa linajirudia kila nikigeuka ni hilo la Laborit.

Kazaliwa 1971, Paris. Na nianze na hili msije mkadhani nawaletea hadithi ya maskini aliyetokea porini, hapana, babu yake ni Henri Laborit, daktari wa upasuaji na mtafiti mkubwa, mmoja wa watu walioiingiza klopromazini hospitalini, ile dawa ya wagonjwa wa akili ambayo imefika mpaka huku kwetu. Baba yake naye daktari wa magonjwa ya akili. Nyumba ya wasomi watupu. Na bado mtoto akakaa mpaka miaka 7 hana lugha ya kumtosha, ana ishara zao za nyumbani na mama yake, na ana masomo ya kutamkishwa maneno ambayo yeye mwenyewe hayasikii.

Kwanini? Kwasababu ya kikao. Mwaka 1880 walimu wa viziwi wa nchi mbalimbali walikutana Milan, Italia, wakapitisha kwamba kiziwi afundishwe kwa kutamka na kusoma midomo, alama zitoke darasani. Waliopiga kura karibu wote walikuwa wanasikia, hilo nalo liweke pembeni. Ufaransa ikaubeba uamuzi ule kwa mikono miwili kwa karibu miaka mia moja, na kinachonishangaza ni kwamba ndo nchi ileile ambayo padri de l'Épée alifungua shule ya viziwi Paris karne ya 18 akifundisha kwa alama, na kwenye shule hiyo akatoka kiziwi anaitwa Laurent Clerc ambaye 1816 alipanda meli kwenda Marekani kusaidia kuanzisha shule, ikafunguliwa Hartford mwaka 1817. Yaani waliwagawia majirani alafu wakaja kujinyima wenyewe.

Kilichomfungulia njia Laborit ni redio, na hapa wateja huwa wanacheka. Baba yake alikuwa anasikiliza redio akakuta mahojiano na kiziwi wa Kimarekani, mtu wa maigizo, Alfredo Corrado, anaongea kwa mikono na mkalimani anamtolea sauti. Huyo Corrado na wenzake ndo walianzisha International Visual Theatre mwaka 1976, kikundi cha maigizo cha viziwi kilichokuwa na kambi yake kwenye ngome ya Vincennes pale pembeni ya Paris. Baba mtu akambeba mtoto wake wa miaka 7 akampeleka. Kwenye kitabu cha maisha yake kilichotoka 1994 Laborit anaeleza kwamba kabla ya hapo hakuwahi kumuona kiziwi mtu mzima hata mmoja, kwaiyo kichwani alishajimalizia hesabu mwenyewe, viziwi hawakui, yeye atakufa mtoto. Nilivofika hapo niliiweka simu kwanza. Alafu anamuona Corrado, mwanaume mzima, ana kazi yake, na ni kiziwi. Baadaye akapelekwa na Washington, Gallaudet, chuo kikuu cha viziwi, huko viziwi ni wengi na ni maprofesa.

Hapa ndo kuna kitu nataka mnielewe, maana kila nikihadithia mtu ananijibu "Mungu kampa kipaji." Sawa kampa. Lakini kipaji alikuwa nacho toka ana miaka mitatu na hakikumsaidia. Alichokipata Vincennes ni nyumba. Nyumba ambayo ilishajengwa na viziwi kabla yeye hajafika, kuna jukwaa, kuna watu wazima wanaogombana kuhusu maigizo kwa lugha yake, kuna masomo ya alama kwa wazazi, wakaja kutengeneza mpaka kamusi za lugha ya alama ya Kifaransa. Mtoto kalelewa humo. Ujana wake ulimsumbua kweli, kaeleza mwenyewe bila kuficha, lakini alikuwa na pa kurudi.

Alafu ndo ikaja 1993. Kuna igizo la Kimarekani, mwanamke kiziwi na mwalimu anayesikia wanapendana na ugomvi wao ni kwamba mwanaume anataka aongee kwa mdomo, yeye hataki. Igizo hilo lina historia, kule Marekani Phyllis Frelich, kiziwi, lilimpa tuzo ya Tony, ile kubwa ya maigizo ya jukwaani kule, 1980, likageuzwa muvi na Marlee Matlin akapata Oscar 1987 akiwa na miaka 21, kiziwi wa kwanza kuipata. Paris nafasi ile akapewa Laborit na akachukua Molière, ndo tuzo kubwa ya maigizo ya jukwaani Ufaransa, ya mwigizaji chipukizi. Hakuna kiziwi aliyewahi kupewa kabla yake. Akasimama kwenye jukwaa la taifa anashukuru kwa alama, na kumbukeni kwamba lugha hiyo kisheria Ufaransa ilikuja kutambuliwa kama lugha kamili 2005, yaani miaka 12 mbele. Tuzo ilitangulia sheria.

Ungetegemea baada ya hapo simu za madairekta zisipumzike. Zilipumzika. Muvi yake kubwa kuliko zote haikutoka hata Ufaransa, ilitoka Ujerumani, inaitwa Jenseits der Stille, ya 1996, dairekta ni Caroline Link, ikaenda mpaka kushindania Oscar ya muvi za nje. Humo Laborit ni mama, mume wake ni Howie Seago, kiziwi wa Kimarekani, na hapa watu wa mtaani kwangu wanaodhani viziwi wa dunia nzima wanaelewana wote wasikilize: Mfaransa na Mmarekani wale ilibidi wajifunze lugha ya alama ya Kijerumani ili waigize. Kila nchi na yake. Fundi wetu ukimpeleka Paris ataanza na kuonesha picha hewani kama mgeni yeyote, tofauti ni kwamba mimi na wewe tutabaki kwenye kuonesha picha wiki nzima na yeye na wenzake kabla jua halijazama wameshaanza kusengenya.

Muvi yenyewe ni ya mtoto anayesikia, wazazi viziwi. Anawatafsiria benki. Anawatafsiria mpaka kwenye kikao cha mwalimu anayemsema yeye, na anachosema mwalimu sicho kinachomfikia mama, mtoto anachakachua. Dada fundi alicheka hiyo mpaka akashika cherehani. Binti yake yuko darasa la nne, ndo mkalimani wake wa wateja, na kumbe mama anajua siku zote kwamba kuna hela kidogo inabaki njiani kati ya bei ya mteja na bei anayoambiwa yeye. Anajua na ameamua kuiacha. Maandishi hayakuwepo ya Kiswahili, nilikaa naye namwandikia kwenye daftari yale ya muhimu, na mengi hakunisubiri, alishayaona usoni kwa watu.

Nyingine ni kipande kifupi cha Claude Lelouch, ndani ya ile muvi ya 2002 ya madairekta 11 kuhusu Septemba 11, kila mmoja kapewa dakika 11 na sekunde 9 na picha 1. Laborit ni mwanamke wa Kifaransa anakaa New York, kagombana na mpenzi wake, mwanaume kaondoka asubuhi kwenda kazini. Yeye kakaa kwenye kompyuta anaandika barua ya kuachana. Tivii iko chumba cha pili imewashwa, na kwenye tivii yale majengo yanaungua, yanaanguka, na yeye kakaa upande ambao haoni, anaandika tu, kwamba labda muujiza ndo utawarudisha pamoja. Sauti karibu yote imezimwa, unakaa ndani ya masikio yake. Sisi tunaotazama tunajua kila kitu na hatuwezi kumwambia. Alafu mlango unafunguliwa mwanaume kasimama pale kajaa vumbi jeupe mwili mzima. Fundi alinishika mkono kwa nguvu. Uso wa Laborit pale hautafuti huruma ya mtu, ni mwanamke mwenye hasira za mapenzi anayeandika barua, uziwi wake uko palepale ndani ya hadithi na hadithi si ya uziwi.

Sasa njoo 2014, mwaka ambao sinema ya Kifaransa ilijionesha sura zake mbili. Ilitoka Marie Heurtin ya Jean-Pierre Améris, kisa cha kweli, msichana aliyezaliwa 1885 kiziwi na kipofu, akapelekwa kwa masista wa Larnay karibu na Poitiers, sista mmoja akamfundisha lugha kwa kumwekea alama mikononi, alama ya kwanza aliyoishika ni ya kisu chake kidogo alichokuwa anakipenda. Aliyeigiza msichana ni Ariana Rivoire, kiziwi, hakuwahi kusimama mbele ya kamera maishani. Anavyopigana mwanzoni yule mtoto, anavyonusa watu, mikono yake inavyotafuta, huwezi kusema huyu ni mgeni wa kazi. Na mwaka huohuo ikatoka La Famille Bélier, ya kuchekesha, familia ya wafugaji viziwi na binti yao anayeimba. Watu zaidi ya milioni 7 waliingia sinema Ufaransa kuitazama. Baba na mama viziwi wameigizwa na Karin Viard na François Damiens, wote wanasikia. Viziwi wakalalamika, na wana haki.

Kuna wadau wataniambia, sasa si ndo kuigiza kwenyewe, mbona askari wanaigizwa na raia. Mi nilishabishana na mtu wa hivo hapa dukani saa nzima. Lugha ya alama haikai mikononi peke yake. Nyusi zikipanda ni swali, mashavu yakijaa kitu ni kikubwa, bega likigeuka anayeongea sasa ni mtu mwingine ndani ya maneno yako. Aliyejifunza miezi michache kwa ajili ya muvi anakuwa kama yule afisa mgeni anayepanda jukwaani Tabora anasoma "mwangaluka", salamu yetu ya Kinyamwezi, kwenye karatasi, mnapiga makofi kwa adabu, lakini bibi aliyekaa nyuma anamuangalia jirani yake. Kiziwi akitazama Bélier yeye ndo huyo bibi. Fundi nilimuonesha vipande, hajui Kifaransa cha mikono wala cha mdomo, na ndani ya muda mfupi akaniandikia "hawa wawili wanasikia." Nikamuuliza kajuaje. Akasema mikono inawahi, uso unakuja baadaye.

Mwisho wa mkasa wa Bélier mnaujua hata kama hamjui mnaujua, maana Wamarekani waliinunua wakaitengeneza upya ikaitwa CODA, ya 2021, safari hii wazazi ni Marlee Matlin na Troy Kotsur, viziwi kabisa, na kaka mtu ni Daniel Durant, kiziwi. Ilisemwa kwamba Matlin aliwaambia mkimuweka anayesikia kwenye nafasi ya baba mi natoka. Machi 2022 ikachukua Oscar ya muvi bora ya mwaka, na Kotsur akachukua yake, mwanaume kiziwi wa kwanza. Ukumbi mzima ulinyoosha mikono juu ukaitikisa vidole wazi, ndo makofi ya viziwi. Kwaiyo wale waliosema viziwi hawauzi, sijui wamejificha wapi.

Na Laborit je? Alirudi nyumbani. Ile International Visual Theatre akaja kuiongoza yeye, na kwa miaka mingi, na 2007 wakaipeleka mjini Paris kwenye jengo la zamani la Grand-Guignol. Hili jengo lina kisa, kuanzia 1897 mpaka 1962 lilikuwa la maigizo ya kutisha, damu na watu kupiga makelele mpaka watazamaji wanazimia, ndo wakakabidhiwa viziwi. Akawa anaigiza, anaongoza, anasimamia masomo, na sinema ikimuita anakwenda. Mtu akiangalia harakaharaka atasema hakuwa staa wa sinema kihivyo. Mi naona alichagua kushika ufunguo wa nyumba kuliko kukaa kibarazani kusubiri kuitwa, na nyumba ikiwepo watatoka na wengine.

Ndo nakuja kwetu sasa. Watu wengi wa Tabora hawajui kwamba shule ya kwanza ya viziwi Tanzania iko hapa, ilifunguliwa na Kanisa Katoliki 1963, Buguruni ya Dar ilikuja miaka ya sabini. Miaka ile ya mwanzo hata huku ilikuwa ni kutamkishwa na kusoma midomo, upepo wa Milan ulifika, alama zilikuja kupewa heshima yake baadaye. Lakini fikiria, zaidi ya miaka 60 watoto wanatoka Urambo, Sikonge, Nzega, Kigoma huko na mbali zaidi, mtoto hajawahi kukutana na mwenzake, anaingia getini anakuta uwanja mzima mikono inaongea. Kwaiyo sisi lugha tunayo. Mji huu una mafundi, wauza mitumba, waosha magari, mama lishe, wanaoongea lugha ya alama kwa ufundi ambao ukikaa kwenye benchi Jumapili jioni ukawatazama wanasimuliana mechi ya jana, utaiona mechi. Kuna jamaa mmoja anamuigiza refa anavyokimbia kinyumenyume na kitambi, mbavu huna. Yule ni mwigizaji. Hajawahi kuitwa popote.

Kinachokosekana ni jukwaa tu. Chama cha viziwi, CHAVITA, kipo toka miaka ya themanini, sheria ya watu wenye ulemavu ipo toka 2010, kwenye baadhi ya taarifa za habari mkalimani yuko kwenye kile kidirisha cha pembeni kidogo kama stempu. Lakini pa kwenda kufanya mazoezi ya igizo kila Jumamosi, na kiziwi ndo dairekta, na sisi wengine tukitaka kuingia tunalipa kiingilio na tunaletewa mkalimani wa kutusaidia SISI, hapo ndo hapapo.

Nikamfuata jirani yangu anayepiga video za harusi, ana kamera nzuri, ana taa, ana vijana, nikamwambia tupige kitu kifupi na hawa watu. Akaanza kunihesabia matatizo. Mengine ni ya kweli na nayaandika ili mwenye kutaka kufanya ajipange. Kamera haiwezi kuvuta sura peke yake wakati mtu anaongea, ukikata mikono umekata maneno, kwaiyo unapiga kuanzia kiunoni kwenda juu na uache nafasi pembeni. Taa iangukie mikono. Nguo ya mwigizaji isiwe ya maua maua wala isifanane na ngozi yake, kitenge tulichozoea kinameza vidole. Ukihariri huwezi kurukia kwa anayesikiliza kabla anayeongea hajamaliza, kwahiyo yale mazoea ya kukatakata hayapo. Na kusema "akshen" haina maana, unawasha taa au unapunga kitambaa. Yote hayo alikuwa ananihesabia kama sababu za kukataa na mi nilikuwa naandika kama orodha ya manunuzi. La mwisho akasema maikrofoni yake ya kunasa sauti imeharibika. Nilimuangalia tu, akacheka mwenyewe, akasema sawa njoo Jumatano.

Dada fundi naye nikamuuliza akipewa nafasi anataka aigize nani. Nilitegemea atasema bi harusi. Kaniandikia anataka kuwa mama mkwe, mkorofi, tajiri, anayevunja ndoa ya mtoto wake. Na ameshanionesha anavyompokea mkamwana mlangoni, alimkagua kuanzia viatu mpaka kichwani, akavuta kiti akakaa yeye, akamuacha amesimama. Wateja wawili waliokuwa wanasubiri treni ya Kigoma waliacha flashi zao wakatazama.

Kama kuna mdau ana Marie Heurtin yenye maandishi ya Kiswahili, au anajua namna ya kuyaweka bila kuharibu picha, anitumie ujumbe hapo chini, na kama uko Tabora na unajua alama vizuri kuliko mimi na daftari langu, Jumatano hiyo tunaanza saa kumi jioni nje ya duka la huyo jirani wa kamera, soda juu yangu.